Nahau na misemo ya kila siku ya Kijapani: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maneno ya Kijapani hapa yameandikwa kwa herufi za Kirumi. Kistari juu ya irabu (ā, ō, ū) maana yake irabu inavutwa. Namba zilizo ndani ya mabano zinakupeleka kwenye swali jingine.

## Kabla ya kuanza

1. Nahau, methali, salamu: Wajapani wenyewe wanazigawaje?

Wana mafungu manne. *Kan'yōku* ndizo nahau: *kubi ni naru*, neno kwa neno "kuwa shingo", maana yake ni kufukuzwa kazi, au kama tusemavyo sisi, kumwaga unga. *Kotowaza* ndizo methali. *Yojijukugo* ni misemo ya kanji (herufi zenye asili ya Kichina) nne iliyobanwa kama simu ya maandishi ya zamani, kwa mfano *jūnin toiro*, "watu 10, rangi 10", yaani kila mtu na lake. Halafu kuna *aisatsu*: salamu pamoja na maneno yote yenye mahali pake maalumu, la kuanzia kula, la kutokea nyumbani, la kuagia kazini.

Anza na aisatsu, umalizie na methali. Wanafunzi wengi hufanya kinyume kwa sababu methali ni tamu. Lakini Mjapani anaweza kumaliza wiki nzima bila kutamka methali hata moja, na hawezi kumaliza siku ya kazi bila *otsukaresama* (6).

2. Lazima nijue kanji?

Salamu unaweza kuzibeba kwa herufi za Kirumi. Kwenye nahau utakwama, kwa kuwa maneno yanayosikika sawa ni mengi mno: *kiku* peke yake ni kusikia, kuuliza, dawa kufanya kazi, na pia ni jina la ua. Jifunze kwanza hiragana (herufi 46 za msingi), kisha uiangalie kanji ya kila nahau unayoikariri. Katika 手を抜く (*te o nuku*), kanji ya 抜 ni ya kuchomoa au kung'oa. Ukishaona kwamba ni "kuchomoa mkono", maana yake, kulipua kazi, haikutoki tena.

3. Kiswahili kinanisaidia kwenye matamshi?

Sana. Irabu ni zilezile tano na silabi karibu zote huishia na irabu. Hata ile *n* inayosimama peke yake, kama katika *konnichiwa* (ko-n-ni-chi-wa, mapigo 5), si ngeni kwa anayesema m-tu na n-chi.

Kinapotuponza ni kwenye mkazo. Tumezoea kukandamiza silabi ya pili kutoka mwisho, na mtu akisema Kijapani hivyo, kila sentensi inayumba. Kijapani hakina mkazo wa nguvu. Mapigo yote yana urefu sawa, na kinachobadilika ni sauti kupanda au kushuka. Kwa lafudhi ya Tokyo, *hashi* inayoanza juu ikashuka ni vijiti vya kulia, na inayoanza chini ikapanda ni daraja.

Angalia pia urefu. *Obasan* ni shangazi, *obāsan* ni bibi, na tofauti hiyo ina uzito kama wetu wa kufa na kufaa. Konsonanti nazo huvutwa: *kite* ni "njoo", *kitte* ni stempu, na kabla ya ile *tt* unaziba pumzi kwa pigo moja zima. Mwisho, *u* ya *desu* na *-masu* humezwa: "des", "mas".

4. Mbona nasikia "mimi", "nani" na "maji" kwenye Kijapani?

Ni sadfa tu, lugha hizi hazina undugu. *Mimi* ni sikio. *Nani* ni "nini" (nani yetu ni *dare*). *Maji?* ni neno la vijana la "kweli?", si la kumwambia bosi, na maji yenyewe ni *mizu*. *Hai* ni "ndiyo", na mara nyingi ni "nakusikia" tu, bila kukubali chochote. *Keshō* ni vipodozi. Neno lao la dubu linafanana na tusi letu zito na limo hata kwenye majina ya watu na ya miji. Jizoeze kulisikia bila kushtuka.

Sadfa hizi ni ndoano nzuri za kukumbukia nahau. *Mimi ga itai*, "sikio linauma": hayo maneno yamenigusa palipo na kosa langu. *Saba* ni samaki wa jamii ya kibua, na *saba o yomu*, "kuhesabu saba", ni kudanganya idadi, hasa umri. Husemwa ilitokana na wachuuzi waliohesabu samaki mbiombio kabla hawajaharibika, hesabu isikae sawa.

## Salamu na maneno ya mahali pake

5. *Itadakimasu* ni sawa na "karibu chakula"?

Hapana. "Karibu" humwita anayepita aje ale, lakini *itadakimasu* haimwiti mtu. Imetokana na *itadaku*, kupokea kwa unyenyekevu, na husemwa na yule anayekula, hata akiwa peke yake, viganja vimekutanishwa kifuani, kabla hajagusa chakula. Ukitaka kumkaribisha mgeni sema *dōzo*, au kwa heshima zaidi *meshiagatte kudasai*.

Ukimaliza kula unasema *gochisōsama deshita*. Hiyo *chisō* huandikwa kwa kanji mbili za kukimbia, kwa maana ya mwenyeji aliyehangaika huku na huko ili chakula kipatikane. Mgahawani humwambia mhudumu au mpishi wakati wa kutoka.

6. Je, *otsukaresama* ni "pole na kazi"?

Ndiyo tafsiri iliyo karibu kuliko zote, na anayejua Kiswahili huielewa papo hapo, wakati wengine wanahitaji maelezo ya ukurasa. Ila "pole na kazi" hujibiwa kwa "asante" au "nishapoa", na *otsukaresama desu* hujibiwa kwa *otsukaresama desu* ileile. Tena haingoji mtu achoke: wafanyakazi wakipishana koridoni saa nne asubuhi wanaambiana hivyo, na barua pepe nyingi za ndani ya kampuni huanza nayo.

Ukiondoka kabla ya wenzako unasema *osaki ni shitsurei shimasu* (samahani, natangulia), nao wanajibu *otsukaresama deshita*. Kuna pia *gokurōsama*, yenye maana ileile, ila hushuka tu, kutoka kwa mkubwa kwenda kwa mdogo. Mwajiriwa mpya akimwambia mkurugenzi wake hivyo, itakuwa kama mtoto anayempongeza babu kwa kufagia vizuri. Kwa mteja wa nje usitumie hata moja kati ya hizi, sema *osewa ni natte orimasu*.

7. Basi "pole" ya ugonjwa, ya msiba na ya kujikwaa ni ipi?

Hapa Kiswahili kina neno moja na Kijapani kina manne. Kwa mgonjwa ni *odaiji ni*, ambayo utaisikia pia ukitoka duka la dawa. Kwa mfiwa ni *goshūshō-sama desu*, kwa sauti ya chini, bila kuongeza maneno mengi. Mtu akikusimulia shida zake, *taihen desu ne*, na kama zimekwisha, *taihen deshita ne*. Akijikwaa mbele yako, *daijōbu desu ka*.

Usimwambie *sumimasen* (10) aliyejikwaa. Pole yetu haikiri kosa, ila *sumimasen* inakiri, na atakugeukia akidhani wewe ndiye uliyemtega mguu.

8. Hodi husemwaje?

*Gomen kudasai*, ingawa kwenye fleti za mijini kengele ya mlangoni imechukua nafasi yake. Ukiambiwa *dōzo*, vua viatu pale *genkan*, sehemu ya kuvulia viatu mlangoni, na unapokanyaga sakafu ya ndani sema *ojama shimasu*, "nawasumbua". Kabla hujatoka: *ojama shimashita*.

Wa nyumbani wana jozi zao. Anayetoka: *ittekimasu*, anayebaki: *itterasshai*. Anayerudi: *tadaima*, aliyepo: *okaeri*. Ile *irasshaimase* unayopokewa nayo dukani haina jibu. Wageni huhangaika kulitafuta, lakini kutikisa kichwa kidogo kunatosha.

9. Niulize *o-genki desu ka* kila asubuhi?

Usiulize. Hiyo ni ya mtu mliopotezana. Ukimwuliza mwenzako wa kazini kila siku ataanza kujitazama kwenye kioo. Mlolongo wetu wa habari za asubuhi, za nyumbani, za watoto hauna mwenzake huko. Kinachofuata salamu ni hali ya hewa: *Ohayō gozaimasu. Samui desu ne*, "baridi, eti?" Jibu ni kukubaliana, *sō desu ne*, hata kama wewe huoni baridi. Hapaombwi taarifa.

Shikamoo nayo haipo. Heshima inakaa kwenye kitenzi na kwenye kuinama. *Konnichiwa* haisemwi kwa mtu mnayeishi naye. *Ohayō* husemwa hata jioni kwa anayeingia zamu mgahawani au studio. *Sayōnara* ina uzito wa kuagana kwa muda mrefu, kwa hiyo kwa kawaida sema *jā, mata* kwa rafiki na *shitsurei shimasu* kwa wakubwa.

10. *Sumimasen* ni samahani au asante?

Vyote viwili, na pia ni "hebu" ya kumwita mhudumu. Inakuwa asante pale mtu aliposumbuka kwa ajili yako: amekuokotea kalamu, amekuzuilia lifti. Kwa rafiki samahani ni *gomen*. Kwa mteja aliyecheleweshewa mzigo ni *mōshiwake gozaimasen*, na pungufu ya hapo ataona unamfanyia mzaha.

11. *Yoroshiku onegaishimasu* ina maana gani hasa?

Achana na kutafuta neno moja, tazama wakati wake. Husemwa kabla ya jambo ambalo utamtegemea mwenzako: mwisho wa kujitambulisha, mwisho wa barua pepe ya kuomba kitu, kikao kinapofunguliwa, wachezaji wanapoinamiana. Kwetu mahali hapo pangekaa "tushirikiane", "nakutegemea" au "naomba sana". Jibu ni *kochira koso*, mimi ndiye. Januari huongezwa *kotoshi mo*, mwaka huu pia.

12. Nikisema *daijōbu desu* dukani, nimekubali au nimekataa?

Umekataa. Tangu Julai 2020 mifuko ya plastiki ya dukani inalipiwa, kwa hiyo swali la mfuko ni la kila siku, na *daijōbu desu* hapo ni "niko sawa, sihitaji". Daktari akikuuliza kama unaweza kusimama, *daijōbu desu* ileile ni ndiyo. Hukumu iko kwenye swali: ukiwa unapewa kitu, ni hapana. *Kekkō desu* hufuata njia hiyohiyo. Ukitaka kitu sema *onegaishimasu* na hakuna atakayekosea.

Kukataa waziwazi kwa *iie* ni nadra. Hapana ya kweli ni *chotto…* iliyoachwa ikining'inia: *Doyōbi wa chotto…*, "Jumamosi kidogo…" Usingoje sentensi imalizike, imeshamalizika. Kwenye biashara *kangaete okimasu* (nitalifikiria) mara nyingi ni "hatununui", kama "nitakuja kesho" ya mteja aliyeshaweka kitenge chini.

13. Nimwiteje mtu nisiyemjua jina?

*Sumimasen*, basi. Kwetu "mama", "bibi" na "mzee" ni heshima hata kwa mpita njia. Huko mwanamke wa miaka 40 akiitwa *obasan* na mgeni anaweza kuudhika, na ukivuta irabu kimakosa (3) umemfanya bibi kabisa. *Anata* (wewe) nayo iepuke. Ukijua jina weka *-san*. Bosi mwite kwa cheo, kama *buchō* (mkuu wa idara), mwalimu au daktari *sensei*. Wazazi wako ukiwataja kwa watu wa nje ni *chichi* na *haha*, wa mwenzako ni *otōsan* na *okāsan*.

## Nahau

14. Kwa nini hasira za Wajapani ziko tumboni?

Kwa sababu *hara*, tumbo, ndiko yanakokaa mawazo ya kweli ya mtu, kazi ambayo Kiswahili kimeipa moyo na roho. *Hara ga tatsu*, tumbo linasimama: hasira zinapanda. *Haraguroi*, mwenye tumbo jeusi, ni mtu wa hila, roho mbaya iliyofunikwa kwa tabasamu. *Hara o kimeru* ni kuamua moja kwa moja. *Hara o watte hanasu*, kuongea tumbo likiwa limepasuliwa, ni kuelezana ukweli bila kufichana, kwa hiyo bosi akikualika mkaongee hivyo, usiogope.

15. Zipi zinalingana na za Kiswahili, na zipi zinadanganya?

*Kokoro ga oreru* ni kuvunjika moyo, neno kwa neno na maana kwa maana. *Te ga nagai*, mkono mrefu, ni mdokozi kama kwetu, ingawa siku hizi Wajapani husema zaidi *tekuse ga warui*.

Zinazodanganya ndizo za kuchunga:

- *Kuchi ga katai*, mdomo mgumu, ni sifa: anatunza siri. Anayevujisha ana *kuchi ga karui*, mdomo mwepesi.
- *Atama ga katai*, kichwa kigumu: hana shida ya kuelewa, habadiliki tu mawazo.
- *Me ga nai*, hana jicho: anakipenda kitu mpaka basi. *Amai mono ni me ga nai*, kwa vitu vitamu hajiwezi.
- *Ashi o arau*, kuosha miguu, ni kuachana na maisha maovu.
- *Ashi ga deru*, mguu unatokeza: matumizi yamepita bajeti.
- *Kao ga hiroi*, uso mpana: anajuana na watu wengi. Haihusu sura.

16. *Ki* inanichanganya. Nianzie wapi?

Anzia kwenye viambishi *ga*, *ni* na *o*, maana humo ndimo maana inamogeuka. *Ki* ni hali ya ndani ya mtu: hisia, nia, umakini, kwa pamoja.

*Ki ni naru* ni jambo linalokujia lenyewe na halikutoki akilini, liwe la wasiwasi au la kupendeza. *Ki ni suru* ni wewe unayelibeba, ndiyo maana kumtuliza mtu ni *ki ni shinaide*, usijali. *Ki ga suru* ni "nahisi kwamba". *Ki ni iru* ni kupendezwa na kitu, *ki ga tsuku* ni kugundua, *ki o tsukeru* ni kuwa mwangalifu, na *ki o tsukete* humwambia anayesafiri. *Ki ga mijikai*, ki fupi, ni asiye na subira. *Ki o tsukau* ni kujali wenzako mpaka unajichosha.

Kosa la kawaida ni kusema *ki ni suru* ukitaka kumwambia mtu kitabu kimekuvutia. Anasikia kwamba kitabu kinakukosesha usingizi. Sahihi ni *ki ni naru*, au *ki ni itta* kama umeshakipenda.

17. Mbona *kakeru* ina maana nyingi hivyo?

Ni "piga" yao. Sisi tunapiga simu, picha, pasi, hodi na magoti bila kumgusa mtu. Wao wana *denwa o kakeru* (kupiga simu), *kagi o kakeru* (kufunga kwa ufunguo), *megane o kakeru* (kuvaa miwani), *meiwaku o kakeru* (kuwaletea watu usumbufu). Kariri nomino na kitenzi pamoja, kamwe si kitenzi peke yake.

18. Nahau za wanyama zinatumika kweli?

Za paka, kila siku. *Neko no te mo karitai*, "hata mkono wa paka ningeuazima": kazi zimezidi. *Neko-jita*, ulimi wa paka: hawezi chai ya moto. *Neko o kaburu*, kujivika paka kichwani: kujifanya mpole. *Suzume no namida*, chozi la shomoro, ni pesa kiduchu, na husemwa sana mshahara unapoongezwa.

## Tanakali za sauti

19. *Pika pika* (kumetameta), *doki doki* (moyo kudunda): hayo ni maneno ya watoto?

Si ya watoto. Ni sehemu ya lugha ya magazeti, matangazo na hospitali. Mtu anayesema nyeupe pe, nyeusi tii na kimya jii anayo tayari akili ya kuyapokea. Kimya jii ni *shiin*. Mvua inamwagika *zā zā*, inadondoka *potsu potsu*. Njaa ni *onaka ga peko peko*. Anayeongea lugha kwa ufasaha ni *pera pera*.

Kuna kanuni moja inayolipa: *g, z, d, b* hukifanya kitu kiwe kizito, kikubwa au kibaya kuliko *k, s, t, p*. Kijiwe hubingirika *koro koro*, jabali *goro goro*. Nyota humeta *kira kira*, jua kali la adhuhuri hung'aa *gira gira*.

Yanayostahili kukaririwa kwanza ni ya maumivu, kwa sababu daktari atakuuliza unaumwaje naye anategemea maneno haya:

- *zuki zuki*: yanapwita, kama jino au kidonda
- *gan gan*: kichwa kinagonga
- *kiri kiri*: tumbo linakata
- *chiku chiku*: yanachoma kama sindano
- *hiri hiri*: ngozi inawaka, kama iliyoungua
- *muka muka*: kichefuchefu

Sentensi ni fupi: *Atama ga gan gan shimasu*.

## Methali

20. Naweza kutafuta tu methali ya Kiswahili inayolingana?

Kwa nyingi, ndiyo. *Chiri mo tsumoreba yama to naru* (vumbi likilundikana huwa mlima) ni haba na haba hujaza kibaba. *Isogaba maware* (ukiwa na haraka, zunguka) ni haraka haraka haina baraka. *Ishi no ue ni mo san nen*, miaka 3 juu ya jiwe, ni mvumilivu hula mbivu. *Gō ni itte wa gō ni shitagae* ni ukienda kwa wenye chongo, nawe vunja lako jicho.

Kama kwetu, mara nyingi husemwa nusu, msikilizaji akajazia. *I no naka no kawazu*, "chura wa kisimani", inatosha. Kwamba chura huyo hajui bahari, kila mtu anajua. Angalia tu unamwambia nani. *Saru mo ki kara ochiru* (hata tumbili huanguka mtini) ni ya kumfariji bingwa aliyekosea, lakini ukimwambia bosi wako umemwita tumbili.

*Isseki nichō*, jiwe moja ndege wawili, ina sura ya kale ya kanji nne lakini ni tafsiri ya msemo wa Kiingereza iliyoingia baada ya Japani kufungua milango yake karne ya 19.

21. *Mottainai* ina uhusiano gani na Kenya?

Wangari Maathai, mshindi wa Tuzo ya Nobel ya Amani ya 2004, alikutana na neno hili alipozuru Japani Februari 2005 na akalitangaza duniani kama wito wa kutunza mazingira. *Mottainai* ni uchungu wa kuona kitu kikipotea bure: wali uliobaki kwenye bakuli, taa inayowaka chumba kitupu. Ni karibu na kusema "israfu hiyo". Ina pia upande wa pili ambao vitabu huuruka: *watashi ni wa mottainai*, kitu hiki ni kizuri kuliko ninavyostahili.

## Namna ya kujifunza

22. Nahau ngapi kwa wiki, na kadi niziandikeje?

Tano kwa wiki zinatosha. Kumi unazikariri na kuzisahau. Kadi ya "neno upande huu, tafsiri upande ule" haifai, kwani itakupa maana bila mahali pa kuitumia. Mbele weka sentensi kamili yenye pengo: 検査では＿を抜かないでください (wakati wa ukaguzi msilipue kazi). Nyuma weka jibu 手 (*te*), maana kwa Kiswahili, na mstari mmoja wa nani humwambia nani. Ongeza jozi yake kama ipo: *hara ga tatsu* ni hasira kukupanda, *hara o tateru* ni mtu kukasirika. Kubadili *ga* bila kubadili kitenzi ndilo kosa linalorudiwa kuliko yote.

Kuhakikisha maana, andika nahau kwa kanji pamoja na 意味 (maana) au 使い方 (matumizi) kwenye kitafutio, au ingia kamusi za mtandaoni Kotobank na Weblio. Kazi ya kamusi inaishia kwenye maana. Kujua kama watu bado wanaisema, angalia sentensi zenyewe. Ukizipata tu kwenye hadithi za samurai, iache ibaki humo.

23. JLPT, mtihani wa kimataifa wa Kijapani, inapima nahau?

Kidogo, hasa N2 na N1. Tangu 2010 mtihani una ngazi tano, N5 (rahisi kuliko zote) hadi N1 (ngumu kuliko zote), na hautoi orodha rasmi ya maneno, kwa hiyo anayekuuzia "orodha kamili" anakuuzia makisio. Hauna sehemu ya kuongea. Misemo ya kila siku hupimwa kwenye kusikiliza: ngazi zote zina majibu ya papo hapo, ambapo unasikia sentensi moja kisha majibu matatu. N5 hadi N3 zina pia picha yenye swali "huyu aseme nini?" Majibu ya swali la 5 hadi la 12 hapo juu ndiyo mali ya sehemu hizo. Nairobi ni mojawapo ya vituo vya mtihani.

24. Nimejifunza kwa anime na watu wanacheka. Kwa nini?

Wahusika wa anime huongea kwa sauti iliyokuzwa ili ujue haraka nani jambazi, nani mzee. *Temē* na *kisama* ni "wewe" za ugomvi. Chukua humo nahau na tanakali, ambazo ni halali. Viwakilishi na miisho ya sentensi viache.

## Mambo ya pembeni

25. Mbona Wajapani wawili wamenipa maana mbili tofauti?

Wote wanaweza kuwa wasemaji wazuri. Idara ya Utamaduni ya Japani (*Bunka-chō*) hufanya uchunguzi wa maoni kuhusu lugha ya taifa tangu 1995, na nahau zinazoeleweka visivyo ndizo habari yake kubwa. *Nasake wa hito no tame narazu* asili yake ni "wema si kwa faida ya mwenzako tu, utakurudia", wengi wanaielewa "kumsaidia mtu ni kumharibu". *Yakubusoku* ni kazi ndogo kuliko uwezo wa mtu, wengi huitumia kinyume, hata wakijishusha. *Ki ga okenai* ni rafiki usiyehitaji kujibana mbele yake, wengine wanasikia "asiyeaminika". Zielewe zote, na mwenyewe usizitumie. Mkiwa kazini zitakugombanisha bure.

26. Nimealikwa harusi. Kuna maneno ya kuepuka?

Yapo, yanaitwa *imikotoba*. Usitaje *kiru* (kukata), *wakareru* (kuachana) wala *owaru* (kwisha). Ndiyo maana keki haikatwi, "huingizwa kisu" (*kēki nyūtō*), na sherehe haiishi, "hufunguka" (*ohiraki*). Maneno ya kurudiarudia kama *kasane-gasane* na *tabi-tabi* hayatakiwi harusini wala msibani, kwa kuwa yanaashiria jambo kujirudia. Hapa Mswahili awe macho zaidi, maana sisi tukitaka kusisitiza tunarudia.

27. Osaka wananiambia maneno ambayo hayamo kitabuni.

Hicho ni Kijapani cha Kansai, eneo la Osaka na Kyoto. *Ōkini* ni asante, *nande ya nen* ni "acha masihara yako", na *aho* (mjinga) kwao ni mzaha ilhali *baka*, yenye maana hiyohiyo, inauma. Tokyo ni kinyume. Ile salamu maarufu *mōkarimakka*, "mnapata faida?", na jibu lake *bochi bochi denna*, utaisikia zaidi kwenye vichekesho kuliko madukani. Na mtu akikuambia *chau*, hakuagi kama *ciao* ya Kiitaliano. Anasema "sivyo".